"Stone Cold Crazy": Wimbo wa mzaliwa wa Unguja ulioitangulia metali

KWA mgeni anayeshuka Diani kwa mapumziko, muziki wa Pwani huanza na kuishia kwenye "Jambo Bwana". Wimbo huo wa Them Mushrooms, bendi iliyoundwa Mombasa mwaka 1972, umeimbwa katika kumbi za hoteli za Kwale kwa zaidi ya miaka 40, hata wahudumu wanaopanga meza za chakula cha jioni huuimba bila kujua kwamba wanaimba.

Upo wimbo mwingine, usiofanana na huo hata chembe, ambao sauti yake nayo ni ya mzaliwa wa mwambao huu. Hauimbwi Diani, haufahamiki Msambweni, na huko Vanga, kijiji cha mwisho kabla ya mpaka wa Tanzania, atakayeutaja ataulizwa ni wa nani. Hata hivyo, kwa wapenzi wa muziki wa roki kote duniani, wimbo huo ni miongoni mwa mbegu zilizootesha tawi zito na la kasi kuliko yote ya muziki huo.

Wimbo wenyewe ni "Stone Cold Crazy" wa bendi ya Queen ya Uingereza, uliotoka Novemba 1974 katika albamu iitwayo "Sheer Heart Attack". Muda wake ni dakika mbili na sekunde chache tu. Mwimbaji ni Freddie Mercury, ambaye jina lake la kuzaliwa ni Farrokh Bulsara, mzaliwa wa Unguja.

Metali ni nini

Neno metali likitajwa Msambweni, fikira za wengi huenda kwenye mchanga. Kuanzia 2013 hadi Desemba 2024, kampuni ya Base Titanium ilichimba madini mazito katika eneo hilo, na shehena za titani na zirkoni zikasafirishwa kwa meli kupitia Likoni. Metali inayozungumziwa hapa haichimbwi, ingawa nayo ilizaliwa kiwandani kwa namna yake.

Mwaka 1965, kijana mmoja wa mji wa Birmingham, Tony Iommi, alikuwa akifanya kazi katika kiwanda cha vyuma alipokatwa na mashine ncha za vidole viwili vya mkono wa kulia. Kwa kuwa hupiga gitaa kwa mkono wa shoto, huo wa kulia ndio uliokuwa ukibana nyuzi. Alijitengenezea vifuniko vya plastiki vya kuvika vidole hivyo, akatafuta nyuzi nyembamba, na baadaye akazilegeza ili zisimuumize.

Nyuzi zilizolegezwa hutoa sauti nene, ya chini, yenye giza. Bendi yake, Black Sabbath, ilipotoa albamu ya kwanza Februari 1970, wasikilizaji walikutana na muziki ambao haukuwa na jina. Baadaye ulikubaliwa kuitwa metali nzito.

Sauti ya mkwaruzo inayoutambulisha muziki huo nayo ina maelezo mepesi. Amplifaya ya gitaa ikifunguliwa kupita uwezo wake, mawimbi ya sauti hukatwa vichwa, na noti iliyokuwa laini hutoka ikiwa imechubuka na kujaa. Kasoro ya chombo ikageuzwa kuwa uzuri.

Wakazi wa Kwale hawana sababu ya kuushangaa uzuri wa aina hiyo. Nzumari inayoongoza sengenya ya Wadigo haipigwi kwa ulaini. Hupulizwa kwa pumzi isiyokatika, sauti yake ni kali na ya puani, na upatu wa chuma huligonga sikio juu ya chapuo na vumi bila kuomba radhi. Mzee wa Msambweni anayelalamika kwamba metali ni kelele angepaswa kwanza kueleza kwa nini nzumari si kelele. Jibu ni kwamba sikio lake limelelewa nayo. Sikio la kijana wa Birmingham lililelewa na mitambo.

Wimbo wenyewe

"Stone Cold Crazy" ni mkongwe kuliko albamu iliyoubeba. Chimbuko lake ni mwaka 1969, kabla ya Queen kuwapo, wakati Mercury alipokuwa mwimbaji wa bendi ndogo iliyojulikana kwanza kama Ibex na baadaye Wreckage. Wakati huo wimbo ulikuwa wa mwendo wa taratibu. Queen ilipoundwa mwaka 1970, iliuingiza katika maonyesho yake ya mwanzo, na kadiri ulivyochezwa ndivyo ulivyoongezewa kasi.

Ilipofika zamu ya kuurekodi mwaka 1974, hakuna aliyekumbuka kwa hakika ni nani aliyeandika mstari upi. Wanachama wote wanne, yaani Mercury, mpiga gitaa Brian May, mpiga ngoma Roger Taylor na mpiga besi John Deacon, wakaandikwa kuwa watunzi. Ulikuwa wimbo wa kwanza wa Queen kupewa umiliki wa pamoja.

Mazingira ya kurekodi hayakuwa mepesi. May aliugua homa ya manjano ya ini wakati bendi ikizuru Marekani mapema mwaka huo, ziara ikakatizwa, kisha akasumbuliwa na vidonda vya utumbo. Wenzake walianza kazi studioni bila yeye, wakiacha nafasi ambazo angekuja kuzijaza kwa gitaa lake baada ya kupona.

Gitaa hilo ni kisa peke yake. May na baba yake walilitengeneza nyumbani kuanzia 1963 kwa mbao zilizotokana na fremu ya meko kuukuu, na badala ya kulipiga kwa kipande cha plastiki kama wafanyavyo wapiga gitaa wengi, yeye hutumia sarafu ya senti sita ya Kiingereza. Ukingo wa sarafu hukwangua uzi, na mkwaruzo huo unasikika wazi tangu sekunde za mwanzo za wimbo huu.

Muundo wake ni wa kushtukiza. Gitaa hufungua kwa kishindo cha noti zinazorudiwa upesi, ngoma zikaingia kwa kasi ambayo mwaka 1974 ilikuwa nadra kusikika katika roki, kisha kila chombo hunyamaza ghafla na kumwachia mwimbaji peke yake. Mercury humwaga maneno bila kupumua, mithili ya kondakta wa matatu anayeita abiria wa Ukunda huku gari limekwisha kung'oka. Akimaliza, vyombo humrukia tena.

Maneno yenyewe ni mzaha. Msimulizi anaota kuwa yumo katika ulimwengu wa majambazi wa Marekani wa enzi za Al Capone, lakini silaha yake ni ya kuchezea na vurugu yake ni ya ala za muziki. Jambo hili halipaswi kupuuzwa. Metali iliyofuata ilijichukua kwa uzito mno, ikajaa mafuvu na makaburi, ilhali wimbo unaohesabiwa kuwa mmoja wa wazazi wake ni kichekesho.

Haukutolewa kama wimbo wa kujitegemea nchini Uingereza. Heshima hiyo ilipewa "Killer Queen" kutoka albamu hiyo hiyo, ambao ulipanda hadi nafasi ya pili katika chati za huko. Msikilizaji aliyenunua albamu kwa ajili ya "Killer Queen", wimbo wa madaha na kinanda, alipogeuza upande wa pili alikutana na kimbunga. Baada yake aliwekewa wimbo wa kulala usingizi na, muda mfupi baadaye, wimbo wa kuchekesha wa mtindo wa majumba ya burudani ya zamani.

Mchanganyiko huo ndio uliowakera baadhi ya wahakiki wa wakati ule, walioona kwamba bendi isiyojua itakalo haiwezi kudumu.

Chini ya bendera moja

Farrokh Bulsara alizaliwa Unguja tarehe 5 Septemba 1946. Wazazi wake walikuwa Maparsi kutoka Gujarat, wafuasi wa dini ya Zoroasta, na baba yake alikuwa mtunza fedha wa Mahakama Kuu chini ya serikali ya Uingereza. Sultani alikuwa Khalifa bin Harub.

Hapa ndipo historia ya Kwale inapoingia. Kwa mujibu wa mkataba wa mwaka 1895, Uingereza iliukodi kutoka kwa Sultani wa Zanzibar ukanda wa maili kumi wa mwambao wa Kenya, kutoka mto Umba karibu na Vanga hadi Kipini. Diani, Gazi, Msambweni na Shimoni zote zilikuwa ndani ya ukanda huo. Wazungu waliutawala, lakini kisheria ulibaki mali ya Sultani, na bendera yake nyekundu ilipepea Mombasa hadi 1963. Gazi ndiko Sheikh Mbaruk bin Rashid wa ukoo wa Mazrui alikokuwa na makao yake kabla ya kuasi dhidi ya Waingereza mwaka huo huo wa 1895.

Kwa maneno mengine, mtoto aliyezaliwa Msambweni mwaka 1946 na mtoto aliyezaliwa Unguja mwaka huo walikuwa chini ya jina la mtawala mmoja. Makubaliano ya Oktoba 1963 yaliuunganisha ukanda huo na Kenya iliyokuwa inakaribia uhuru, na miezi mitatu baadaye, Januari 12, 1964, mapinduzi yakauondoa usultani wenyewe Unguja.

Familia ya Bulsara ilikimbilia Uingereza mwaka huo, ikafikia Feltham, kitongoji cha magharibi mwa London kilicho karibu na uwanja wa ndege wa Heathrow. Farrokh alikuwa na umri wa miaka 17.

Wapo wanaopenda kudai kwamba ndani ya muziki wa Queen mna mahadhi ya taarabu au ngoma za Unguja. Dai hilo linapendeza lakini halina uthibitisho. Kijana huyo alipelekwa shule ya bweni ya Panchgani, India, mwaka 1955 akiwa na umri wa miaka minane, na huko ndiko alikojifunza piano na kuunda bendi yake ya kwanza, The Hectics, iliyoiga roki ya Marekani. Alirejea Unguja mwaka 1963 na kukaa muda mfupi tu. Katika "Stone Cold Crazy" hamna udi wala fidla, hamna dumbaki. Undugu uliopo baina ya wimbo huu na Pwani ni wa historia ya watu waliosafiri na kusafirishwa, na undugu wa namna hiyo Pwani inaujua kuliko wengi.

Metallica yauokota

Kwa miaka 16 wimbo ulibaki mali ya mashabiki wa ndani. Queen yenyewe iliupiga jukwaani katika miaka ya 1970, kisha ikauweka kando ilipoingia katika nyimbo za viwanja vikubwa kama "We Are the Champions".

Wakati huo huo, upande wa pili wa bahari ya Atlantiki, vijana wa California walikuwa wakiichukua metali ya Black Sabbath na kuiongezea kasi. Maarufu kuliko wote ni Metallica, ambayo albamu yake ya kwanza, "Kill 'Em All", ilitoka mwaka 1983. Mkono wa kulia wa mpiga gitaa na mwimbaji wao, James Hetfield, ulikuwa ukishuka na kupanda juu ya nyuzi kwa mwendo ule ule ambao Queen iliugusa kwa dakika mbili mwaka 1974 kisha ikauacha.

Kilichoziunganisha bendi hizi mbili ni biashara. Kampuni ya Elektra ya Marekani, iliyokuwa ikitimiza miaka 40 mwaka 1990, iliandaa albamu ya maadhimisho iliyoitwa "Rubáiyát". Wasanii wake wa wakati huo walitakiwa kila mmoja aimbe wimbo wa msanii aliyewahi kuwa na kampuni hiyo. Queen iliuzwa Marekani na Elektra katika miaka ya 1970. Metallica, nayo ikiwa ya Elektra, ikachagua "Stone Cold Crazy".

Haikulazimika kubadilisha mengi. Nyuzi zilinenepeshwa, ngoma zikatiwa uzito wa kisasa, na Hetfield akabadilisha baadhi ya maneno na kutia matusi kidogo, kiasi cha kuufanya ule mzaha wa Mercury uonekane tishio. Hata hivyo, mifupa ya wimbo ilibaki vile vile, na hapo ndipo wasikilizaji wa metali waliposhtuka. Wimbo uliokuwa na umri mkubwa kuliko baadhi yao ulisikika kana kwamba ulitungwa kwa ajili ya mwaka 1990.

Mwaka uliofuata, rekodi hiyo iliipatia Metallica tuzo ya Grammy ya utumbuizaji bora wa metali. Tuzo za metali zilikuwa changa. Ya kwanza, ya 1989, ilijumuisha metali na roki ngumu kwa pamoja na ikaenda kwa Jethro Tull, bendi ambayo kiongozi wake hupuliza filimbi, na kuwaacha mashabiki wa Metallica midomo wazi.

Queen, kwa upande wake, haijawahi kushinda Grammy ya ushindani. Ilitunukiwa tuzo ya heshima ya mchango wa maisha mwaka 2018, miaka 27 baada ya Mercury kufariki dunia Novemba 24, 1991 kwa maradhi yaliyotokana na Ukimwi.

Katika tamasha la kumkumbuka lililofanyika uwanja wa Wembley, London, Aprili 20, 1992, Hetfield alipanda jukwaani bila gitaa, akashika kipaza sauti na kuuimba wimbo huo mbele ya watu wapatao 72,000. Nyuma yake walikuwa wanachama watatu wa Queen waliosalia. Pembeni, akiwa na gitaa lake la shoto, alikuwa Tony Iommi mwenyewe. Mtu aliyeianzisha metali, watu walioitangulia bila kukusudia, na mtu aliyeieneza walisimama pamoja kwa dakika mbili na ushei.

Metali mbadala

Wakati Metallica ikirekodi wimbo huo, tawi jingine lilikuwa linachipuka. Bendi kadhaa za Marekani zilichoshwa na metali iliyojifungia katika mavazi ya ngozi na ushindani wa kasi. Zikaanza kuichanganya na chochote zilichokipenda: fanki, rap, panki, hata muziki wa vilabu vya usiku. Mchanganyiko huo uliitwa metali mbadala.

Mfano ulio wazi ni Faith No More ya San Francisco. Wimbo wao "Epic", kutoka albamu "The Real Thing" ya 1989, una maneno ya kuchana kama rap, kiitikio cha kuimbwa kwa sauti ya juu, gitaa zito, na humalizikia kwa piano iliyobaki peke yake. Mwaka 1990 ulifika nafasi ya tisa katika chati kuu ya Marekani. Albamu hiyo hiyo ina wimbo wa Black Sabbath, "War Pigs", uliopigwa upya. Baada yao zikaja Helmet, Tool, Korn, Deftones na System of a Down, kila moja na viungo vyake.

Je, "Stone Cold Crazy" ni metali mbadala? Kwa tarehe, la. Jina hilo halikuwapo. Kwa kasi na mkwaruzo, wachambuzi wengi huuweka miongoni mwa vitangulizi vya metali ya kasi ya miaka ya 1980, na hapo ndipo mahali pake panapotambuliwa zaidi.

Lakini ukichukuliwa pamoja na majirani zake katika albamu, jibu hubadilika. Kosa lililodaiwa na wahakiki wa 1974, la kuweka kimbunga kando ya wimbo wa kubembeleza kando ya kichekesho, ndilo hasa lililokuja kuwa kanuni ya metali mbadala miaka 15 baadaye. Kilichorithiwa na Metallica ni kasi ya wimbo. Kilichorithiwa na kizazi cha Faith No More, iwe kwa kujua au bila kujua, ni ule ujeuri wa kutochagua. Wa pili ni urithi mkubwa zaidi, ingawa hauna tuzo.

Upande huu wa bahari

Kisa cha wimbo kupata umaarufu mpya kwa kinywa cha mwingine si kigeni Pwani. Mwaka 1983, Boney M, kundi lililoendeshwa na mtayarishaji Frank Farian wa Ujerumani, lilitoa toleo lake la "Jambo Bwana". Watalii Wajerumani walioshuka Diani miaka iliyofuata waliwasikia waimbaji wa hoteli wakiuimba na wakadhani wanaigwa wao. Mtunzi, Teddy Kalanda Harrison, alikuwa Mkenya wa Mombasa.

Tofauti iko katika karatasi. Metallica ilipoipokea Grammy, majina ya watunzi wanne wa Queen yalibaki kwenye rekodi na mirabaha ikaendelea kuwafuata. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inampa mtunzi ulinzi kama huo kwa maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Katika kumbi za hoteli, mambo huwa vingine. Nyimbo hupigwa mfululizo bila kutajwa mtunzi, na mgeni huondoka akiamini kwamba muziki wa Pwani haukutungwa na mtu, uliota tu kama mnazi.

Biashara ya hoteli yenyewe huyumba na kuwayumbisha wanamuziki. Ghasia za Likoni za Agosti 1997 zilipowatimua watalii, hoteli za pwani ya kusini zilifunga milango na bendi zikakosa pa kupigia. Bendi ya hoteli hailipwi kwa kujaribu jambo jipya. Hulipwa kwa kumpa mgeni anachokitarajia, na mgeni aliyetoka Frankfurt hatarajii kusikia metali chini ya mnazi, hata kama ya kwao anaipenda. Hii ni sababu mojawapo ya wimbo wa Mercury kutosikika Diani, na huenda ikawa na uzito kuliko ladha ya wenyeji.

Metali ya Kenya ilizaliwa bara, Nairobi, na kwa muda mrefu ilisikika katika kumbi ndogo na miongoni mwa vijana wa vyuo. Iliyofika mbali zaidi ni Duma, kundi la Martin Khanja na Sam Karugu, ambalo albamu yake ya 2020 ilitolewa na Nyege Nyege Tapes ya Kampala. Mkazi wa Pwani akilisikia jina hilo humfikiria mnyama mwenye mbio kuliko wote. Kwa Kikikuyu, neno hilo maana yake ni giza, na giza ndilo lililokusudiwa, ingawa kwa kasi ya muziki wao maana zote mbili zinafaa. Khanja, kwa jina la jukwaani Lord Spikeheart, alitoa albamu yake mwenyewe, "The Adept", mwaka 2024.

Unguja yenyewe imekuwa na kigugumizi juu ya mtoto wake. Mwaka 2006, maandalizi ya sherehe ya kumkumbuka katika mwaka ambao angetimiza umri wa miaka 60 yalipingwa na jumuiya ya Uamsho, iliyosema mwenendo wa maisha yake haulingani na maadili ya Kiislamu ya visiwa hivyo. Sherehe haikufanyika. Miaka 13 baadaye, Novemba 2019, makumbusho yenye jina lake yalifunguliwa mtaa wa Shangani, Mji Mkongwe, mwaka mmoja baada ya filamu ya "Bohemian Rhapsody" kulirudisha jina hilo midomoni mwa dunia. Watalii ndio waliolengwa, na pingamizi safari hii hazikuwa na kishindo cha awali.

Mashaka ya wazee wa dini hayawezi kubezwa kwa kicheko. Jamii ina haki ya kuchagua inayemtukuza. Lakini kumtukuza mtu ni jambo moja, na kuijua kazi yake ni jingine. Makumbusho yamejibu la kwanza kwa kiasi. La pili bado, maana hata wageni wanaopiga picha mlangoni humtafuta mwimbaji wa "Bohemian Rhapsody", na wachache huuliza juu ya wimbo mfupi uliomsimamisha Tony Iommi Wembley.

Kwa anayetaka kuusikiliza, mpangilio unaofaa ni wa miaka. Rekodi ya studio ya 1974 ije kwanza, ifuatwe na ile ya jukwaani iliyochukuliwa ukumbi wa Rainbow, London, Novemba mwaka huo huo, ambayo ilichapishwa rasmi mwaka 2014 katika albamu "Live at the Rainbow '74". Katika hiyo ya pili hakuna studio ya kuficha kitu, na kasi ya Taylor kwenye ngoma inaonekana kuwa ya mikono yake kweli. Kisha ije Metallica ya 1990, ambayo imo pia katika mkusanyiko wao "Garage Inc." wa 1998. Zote tatu hazizidi dakika kumi, muda ambao abiria wa Likoni huutumia akisubiri feri ijaze magari.